Damu ya Rangi ya Chokoleti

Simu ilipolia saa moja asubuhi, Inspekta Leocadio Esquer alikuwa anapiga pasi shati lake la kazi. Tangu mkewe afariki alikuwa akijipigia pasi mwenyewe, na mpaka leo kola ilikuwa inamshinda.

"Inspekta, njoo hospitali," alisema Daktari Nereida Gastélum. "Mtoto amerudi."

"Mtoto gani?"

"Anahí. Yule wa kijiji cha Las Tórtolas. Na safari hii amekuwa bluu kuliko mara ya kwanza."

Esquer aliisimamisha pasi. "Bibi yake yuko wapi?"

"Unaniuliza mimi? Si wewe uliyemfunga?"

Ni kweli, alikuwa amemfunga yeye. Bibi Trini Buitimea alikuwa anaimaliza siku ya tisa katika rumande ya wanawake, na aliyempeleka huko ni Esquer. Siku tisa nyuma mjukuu wake, mtoto wa wiki saba, aliletwa hospitali kuu ya mji wa Ciudad Obregón huku midomo na kucha zake zikiwa kama za mtu aliyekula forosadi. Daktari alipomchoma sindano, damu iliyotoka haikuwa nyekundu. Ilikuwa ya rangi ya chokoleti. Kuna kitu kimeingia, alisema daktari, kinachoizuia damu kubeba hewa. Na mojawapo ya vitu vinavyoweza kufanya hivyo ni ile chumvi ya waridi wanayotia kwenye nyama ili isioze. Bibi Trini alikuwa mtengeneza soseji wa kijiji kizima. Esquer mwenyewe ndiye aliyelikuta kopo la chumvi hiyo jikoni, limepungua vijiko viwili, hatua mbili tu kutoka pale palipowekwa chupa ya mtoto. Tena majirani walikuwa wamewasikia mama wa mtoto na huyo mama mkwe wake wakirushiana maneno wiki hiyohiyo. Hakimu hakuuliza zaidi.

Sasa bibi yuko ndani, kopo la chumvi liko maabara mjini Hermosillo, na mtoto amekuwa bluu tena.

Esquer alivaa shati na kola yake ilivyokuwa.

*

Daktari Gastélum alikuwa msichana wa miaka ishirini na tisa, mfupi, mwenye miwani iliyofungwa kwa plasta. Alimwonyesha inspekta karatasi nyeupe yenye matone mawili ya damu.

"Hili la kulia ni langu. Hili la kushoto ni la mtoto. Damu ya kawaida ukiipuliza inawaka nyekundu. Puliza."

Esquer aliinama akapuliza. Tone la kulia likang'aa. La kushoto halikubadilika, likabaki kama tone la kahawa mezani.

"Ni sumu ileile?"

"Ni ileile. Kama si yenyewe, basi ndugu yake." Akaelekea kitandani. "Sasa angalia, maana hili ndilo linalonifanya niipende kazi hii. Dawa yenyewe ni ya bluu. Namtibu ubluu kwa bluu."

Alisukuma sindano polepole. Mtoto alikuwa mdogo kuliko mto aliolazwa juu yake, nyayo zake hazikufika hata urefu wa kidole cha kati cha Esquer. Kiti kilikuwapo, lakini inspekta hakukaa. Alisimama akiutazama mkono ule mpaka kucha ya kidole cha mwisho ikaanza kuwa ya waridi, kisha ya pili, kisha mdomo, halafu Anahí akafungua kinywa akalia kwa hasira iliyoijaza wodi nzima.

"Lia, mama, lia," alisema daktari, na kwa nyuma ya mkono akajipangusa chini ya miwani. "Inspekta, nisikilize vizuri. Nikimrudisha nyumbani akaletwa hapa mara ya tatu, sina hakika nitamwokoa tena. Tafuta."

Mama wa mtoto, Maribel, alikuwa ameketi kwenye korido, bado amevaa aproni ya kiwanda cha kufungasha viazi. Alikuwa na miaka ishirini na mbili. Esquer alimletea kahawa ya maziwa akaketi upande wake, sio mbele yake.

"Maribel, tangu mtoto atoke hospitali mara ile, nani amemlisha?"

"Mimi, afande. Mimi peke yangu. Sikumwachia mtu. Hata kazini nilikuwa naenda naye, namweka kwenye kreti ya viazi chini ya meza."

"Anakula nini?"

"Maziwa ya kopo. Ya kwangu yalikata nilipoanza zamu."

"Kopo ni lilelile?"

"Jipya. Lile la zamani si mlilichukua nyie?"

"Na chupa?"

"Mpya. Kila kitu kipya. Nilinunua hata sufuria mpya, nikatupa ya mama mkwe." Aligeuza kikombe mikononi. "Afande, mimi ndiye niliyewaambia kuhusu kopo la chumvi. Nilikuwa na hasira naye. Alikuwa amenisema kwamba nikirudi kazini mapema mtoto ataugua. Sasa ameugua, na yeye yuko ndani."

"Ulisema ulichokiona."

"Nilisema nilichotaka kiwe."

Esquer alimuuliza jambo moja tu tena: siku nne ambazo mtoto alikuwa wodini mara ya kwanza, maziwa yake yalikuwa ya aina gani?

"Ya kopo. Chapa ileile. Nesi ndiye aliyekuwa anayakoroga."

Inspekta aliandika: *Maziwa yaleyale. Hospitali mzima, nyumbani bluu.* Akapigia mstari neno *nyumbani*.

*

Barabara ya kwenda Las Tórtolas imenyooka kama uzi wa fundi, ngano kushoto, ngano kulia. Ilikuwa Februari ya mwaka 1996, majani yamefika magotini, na mashamba yalikuwa yanapata maji. Kila baada ya kilomita moja, pembeni mwa mfereji, lilisimama tangi jeupe lenye magurudumu, mpira wake ukitoa mapovu majini. Hiyo ni amonia, mbolea ya gesi. Wanaifungulia mferejini, na maji yanaigawa yenyewe mpaka mwisho wa shamba. Esquer alikuwa mwana wa bonde hili. Alipandisha kioo cha gari kwenye kila tangi bila hata kuwaza.

Baba wa mtoto, Rosendo, ndiye aliyekuwa anayavuta matangi hayo kwa trekta. Wazo hilo lilimjia inspekta njiani, na alipofika hakulizungusha.

"Rosendo, unabeba amonia kila siku. Unarudi na nguo zilezile nyumbani?"

Kijana alikuwa anaosha chupa za mtoto kwenye beseni, moja baada ya nyingine, kama mtu anayeosha mayai. "Navulia nje, afande. Mama hakuruhusu nguo za tangi zivuke mlango. Naoga kwanza, ndipo nambeba."

"Hujawahi kusahau?"

"Ile gesi haisahauliki. Ukiisahau inakukumbusha kwenye macho." Akainua uso. "Kwani ni mimi? Kama ni mimi sema. Nitalala kwa rafiki yangu, nitalala kwenye trekta, popote. Sema tu."

Esquer alitembea mpaka kwenye simu ya dukani akampigia daktari. Jibu lilikuwa fupi: gesi ile ingemchoma mtoto macho na koo, ngozi ingekuwa nyekundu, isingemgeuza damu kimyakimya namna hii. Inspekta alirudi akamwambia Rosendo, "Si wewe," na kijana akakaa chini palepale kwenye vumbi, chupa mkononi.

"Umekula?" Rosendo aliuliza baadaye, akijifuta uso kwa bega. "Kuna maharage. Mama akisikia umekuja kwake ukaondoka na njaa atanilaani akiwa hukohuko rumande."

Walikula jikoni. Chapati za ngano zilikuwa laini, za jirani. Lakini maharage! Esquer aliweka tonge moja mdomoni, akatafuta maji.

"Umemwaga gunia la chumvi humu?"

"Sijaongeza hata punje, nakuapia. Ni ya juzi. Shangazi yangu aliyapika vizuri tu. Mimi kila nikirudi nayapasha, yanakauka kidogo, kesho nayapasha tena..."

Inspekta aliacha kutafuna. Mbele yake, kwenye jiko la gesi, ilikaa ile sufuria mpya ya mtoto. Haikuwa na wiki moja, lakini ukingo wake wa ndani ulikuwa na utando mweupe, ngazi juu ya ngazi, kama alama za maji ukutani baada ya mafuriko. Alipitisha ukucha. Ukatoka unga mweupe.

"Maji ya mtoto mnayachemsha vipi?"

"Kama mama alivyotufundisha. Mara tatu. Ya kwanza kwa Baba, ya pili kwa Mwana, ya tatu kwa Roho Mtakatifu. Mpaka yabaki nusu."

"Mpaka yabaki nusu," alirudia Esquer.

"Ndiyo. Hapo yamekuwa safi. Kijiji kizima tunafanya hivyo."

Maharage yakikauka, kinachoondoka ni maji. Chumvi haiendi popote.

*

Hata hivyo hakukimbilia kuamua. Alikuwa amekimbilia mara moja na bibi wa watu akalala siku tisa kwenye saruji. Kama maji ndiyo mabaya, mbona Rosendo mzima, Maribel mzima, kijiji kizima kinatembea? Alivuka njia akaingia kwa jirani aliyeleta chapati, mwanamke mnene mwenye kicheko, aitwaye Chayo Yocupicio, aliyekuwa anamnyonyesha mtoto wa miezi miwili aliyejaa kama boga.

"Samahani, mama. Mtoto wako mnatumia maji ya kisima kilekile?"

"Kisima ni kimoja tu, afande. Pampu ile pale. Au ulitaka tuchimbe na kingine kama matajiri?"

"Mtoto hajaugua?"

"Huyu? Anayeugua ni mimi, ananimaliza." Esquer alikuwa bado anamtazama mtoto. Chayo akacheka. "Inspekta, unaangalia mtoto au unaangalia chakula chake?"

Inspekta akaiva uso mpaka masikioni. "Hivyo hivyo. Naangalia chakula chake. Hajawahi kupewa chupa?"

"Ya nini, na mimi ninazo mbili?"

"Hapa kijijini nani anatumia chupa?"

Chayo aliacha kucheka, maana alikuwa mwepesi wa kuelewa. Alihesabu kwa vidole vya mkono uliokuwa huru. "Mke wa Chano, pale penye lango la buluu. Na yule binti anayekaa karibu na pampu, Leticia, ana wa wiki tatu. Basi. Kwa nini? Afande, kwa nini unauliza?"

"Waambie wasiwape chochote mpaka nirudi. Wakilia, wanyonyeshe wewe."

"Wote?"

"Si umesema unazo mbili?"

*

Mhandisi Baltazar Encinas alikuwa amestaafu ubwana shamba, lakini watu walikuwa bado wanamletea udongo kwenye mifuko ya plastiki auangalie. Esquer alimkuta barazani, na chupa mbili zilizokuwa mezani hazikuwa za pombe, zilikuwa za maji ya kupimwa. Esquer aliongeza mbili zake: moja ya maji ya pampu, moja ya maji yaliyochemka mara tatu.

Mzee alizama ndani akarudi na mkebe wa karatasi nyembamba za kupimia. Alichovya ya kwanza kwenye maji ya pampu, akaishika juani. Ikawa ya waridi, ikakolea. Aliilinganisha na rangi za mkebe, akasogeza miwani, akalinganisha tena.

"Haya ni ya kunywa?"

"Ndiyo."

Akachovya ya pili. Hii haikupitia waridi. Ilikwenda moja kwa moja kwenye zambarau, ile rangi ya mwisho kabisa ya mkebe, na kuipita.

Encinas aliiweka karatasi mezani kwa uangalifu, kama kitu kinachoweza kuvunjika.

"Hii ni chumvi ya mbolea," alisema. "Haina harufu, haina ladha. Mtu mzima anaikojoa. Mtoto mchanga tumbo lake linaigeuza, inakuwa ndugu wa ile chumvi ya soseji yako, inaingia kwenye damu."

"Imefikaje kisimani?"

"Kwa miguu yake. Unaweka mbolea kilo mia mbili na hamsini kwa hekta. Ngano inakula theluthi, tuseme inakula nusu, ikiwa na njaa. Iliyobaki inafuata maji. Yakishuka, inashuka, inakuta kisima. Yakienda mtaroni, inafika baharini, ndiyo maana kila tukimwagilia huku, kule ghuba inageuka kijani. Wanaopiga picha kwa setilaiti wanaiona." Alicheka bila furaha. "Na si hapa tu. Popote duniani wanapotaka ngano ijae ghala, iko safarini chini ya ardhi, kimyakimya."

"Nani aliwaambia waweke kilo zote hizo?"

Kunguru alilia kwenye waya. Mzee alikuwa anazikunjakunja ncha za shati.

"Mimi, Leocadio. Miaka thelathini. Nilikuwa napita na pikipiki nawaambia: ikizidi haidhuru, ikipungua ndiyo njaa. Na njaa tuliijua. Baba yako aliijua. Hatukusema uongo. Tulisema nusu." Akavuta karatasi ya kuandikia. "Unataka niandike?"

"Nataka uandike na utie sahihi. Na kwamba kuchemsha kunaikoleza. Hakimu ni mgumu."

"Nitaandika na la kilo pia."

"Si lazima hilo."

"Ndilo la lazima," alisema mzee, akachovya kalamu kana kwamba bado ni enzi za wino.

*

Hakimu alisoma barua ya mhandisi, akasoma ya daktari, akaziinua karatasi mbili za rangi kwa ncha za vidole.

"Uliniletea bibi kwa kopo, Esquer. Sasa unamchukua kwa karatasi."

"Ndiyo, mheshimiwa. Mara ya kwanza nilikosea."

Hakimu alimtazama, kwa kuwa neno lile halisikiki mara nyingi kwenye jengo lile, akagonga muhuri.

Bibi Trini alitoka amejifunga mtandio wake vizuri, nywele amezisuka. Alikuwa mwanamke mwembamba mwenye mikono mikubwa. Hakuuliza kama yuko huru. Aliuliza, "Mtoto?"

"Mzima, mama. Amepata nafuu leo asubuhi. Analia mpaka manesi wanakimbia."

"Leo asubuhi? Kwani aliugua tena?" Akamkamata mkono. "Nani alimpa nini?"

Esquer alikuwa amepanga maneno njiani. Alikuwa amepanga kusema *maji ya kisima* na kuishia hapo. Angeweza, lilikuwa kweli. Alimfungulia mlango wa gari, akaketi kwenye usukani, hakuwasha.

"Ni maji, mama. Mbolea ya mashambani imeshuka kisimani. Wakubwa haiwadhuru. Wachanga wa chupa inawadhuru."

"Lakini sisi tunachemsha."

Esquer alijifanya kutafuta ufunguo.

"Mwanangu," alisema Bibi Trini, "mimi nimewakamua ng'ombe, nimewazalisha wanawake, nimezika watoto wawili. Usinitafunie maneno. Tunachemsha mara tatu."

"Kuchemsha kunaua wadudu, mama. Kuhara kunakwisha. Hao wote waliokua salama pale kijijini wamekua kwa hilo, na ni wewe uliyewafundisha. Lakini hii si mdudu. Hii ni kama chumvi. Maji yakipungua, yenyewe inabaki. Inakuwa kali zaidi."

Gari la samaki lilipita, likatokomea. Mikono mikubwa ilikuwa imelala mapajani, viganja juu.

"Kwa hiyo mara ile ya tatu," alisema polepole, "ile ya Roho Mtakatifu..."

"Ulikuwa hujui. Hakuna aliyekuwa anajua. Hata daktari hakuwaza. Mimi nilikamata kopo la soseji."

"Wewe ulikamata kopo. Mimi nilishika chupa." Kisha akajifuta uso kwa mtandio, mara moja, kwa nguvu, kama anayefuta meza. "Maribel anajua?"

"Bado."

"Nitamwambia mimi. Asije akadhani ni sufuria yake mpya. Washa gari. Na usimame dukani, tununue maji. Kuna watoto wengine."

Walijaza madumu sita ya maji safi nyuma, na la saba akalipakata bibi. Manispaa ilikuwa imeahidi gari la tangi la maji kesho asubuhi. Esquer alikuwa amelipigia kelele kwenye simu mpaka likaahidiwa.

Kwenye lango la buluu walimkuta Chayo ameketi na mtoto wa mke wa Chano titi moja, na yule wa wiki tatu wa Leticia titi jingine, wake mwenyewe akipiga yowe sakafuni.

"Mmechelewa!" alisema. "Afande, serikali inilipe posho ya ng'ombe." Kisha akamwona aliyesimama nyuma ya inspekta. "Bibi Trini! Jamani, Bibi Trini!" Na kwa kuwa hakuwa na mkono wa kumkumbatia, alilia tu pale alipokaa, na watoto wakaendelea kunyonya.

Bibi Trini aliwaketisha wale mama wawili. Hakuwazungusha. "Nilichowafundisha kina kasoro," alisema. "Sasa nawafundisha upya. Haya ndiyo maji. Yale ya pampu, oshea nguo." Leticia aliuliza kwa sauti ndogo kama mwanawe ataishi. Bibi alimchukua mtoto, akampeleka dirishani, akamfunua kucha, akamwonyesha mama. "Waridi. Unaona? Waridi kabisa."

Nyumba zenye watoto wa chupa zilikuwa zimekwisha. Esquer alilielekea gari, lakini bibi aligeukia njia ya mfereji, akasimama mbele ya mlango wa bati usiokuwa na taa.

"Hapa nani?"

"Eduwiges Anguamea. Ana miaka thelathini, anafua nguo za watu. Hana mtoto." Akavuta pumzi. "Alikuwa naye. Nabor. Mwaka juzi, wiki sita. Eduwiges alikuwa na homa, maziwa yakamkauka, nikamtengenezea chupa mimi. Watu walisema alimlalia usingizini. Na yeye alikubali."

"Si lazima leo, mama."

"Nimelala siku tisa kwa kosa la uongo," alisema Bibi Trini. "Yeye amelala miaka miwili." Akaingia bila kubisha.

Esquer alibaki kwenye kizingiti. Ndani kulikuwa na pasi ya mkaa, rundo la shuka za watu, na mwanamke mrefu aliyesimama wakati wote bibi alipokuwa anazungumza. Alisikiliza bila kujongea. Bibi alipomaliza alisema, "Basi mikono ni yangu, binti yangu. Nilaumu mimi." Eduwiges hakumlaumu. Alimpita, akaja mpaka mlangoni.

"Wewe ndiye polisi?"

"Ndiyo."

"Ni kweli anayosema?"

Inspekta alikuwa amejifunza siku hiyo kutokimbilia. "Niambie kwanza. Mtoto alianza kubadilika rangi lini?"

"Jumatano. Midomo. Nilidhani baridi. Nikamfunika."

"Alhamisi?"

"Na vidole. Alikuwa ananyonya chupa vizuri, lakini kucha zilikuwa kama wino."

"Alifariki lini?"

"Ijumaa alfajiri. Niliamka, yuko ubavuni kwangu." Mkono wake uligusa ubavu bila yeye kujua.

Esquer alivua kofia.

"Sikiliza, mama. Damu yake sikuipima, na sitakudanganya kwamba niliipima. Lakini nimefanya kazi hii miaka ishirini na sita. Mtu aliyelaliwa Ijumaa haanzi kuwa bluu Jumatano."

Mwanamke alishika mwimo wa mlango. "Rudia."

"Haanzi kuwa bluu Jumatano. Hukumlalia."

"Rudia tena."

"Hukumlalia, Eduwiges."

Bibi Trini alikuwa amefika nyuma yake, na ile mikono mikubwa ilimshika kwapani, ikamshusha taratibu mpaka kizingitini, wakaketi wote wawili mlangoni miguu nje. Mtaroni maji yalikuwa yanakwenda.

Mwishowe Eduwiges aliinua kichwa kutoka begani kwa bibi.

"Una karatasi?" alimuuliza inspekta.

"Ninayo."

"Andika hilo la Jumatano. Uliandike serikalini, na muhuri. Na uandike jina lake lote. Walimzika haraka, hata jina hawakuliandika lote."

Esquer alifungua daftari juu ya goti, akatoa kalamu.

"Nabor Ezequiel Anguamea," alisema mama yake, polepole, ili aandike vizuri.